Nikishanawa uso mbele ya watu, ndo ntakuwa mie halisi?

"Bi Mwalimu, shikamoo. Mie n'na miaka 23, kwetu Wete, Pemba, ila nasoma huku mjini Unguja. Nimepewa dakika 40 kwenye usiku wa sanaa wa wanafunzi Mji Mkongwe, nataka nifanye pafomansi. Nakaa kwenye kiti kama bi harusi, shoga yangu mpambaji ananipamba mbele ya watu, fondesheni juu ya fondesheni, kila mara shedi nyeupe zaidi, kope, piko, ile rangi nyeusi ya kuchorea maua, mpaka mashavuni, halafu watazamaji nawaruhusu waje waongeze wanachotaka mpaka nisijulikane. Mwisho naletewa beseni, nanawa uso, nawaonesha mie halisi. Mama kasikia, kanambia nawakejeli maharusi na najianika. Kaka mmoja chuoni kasema hiyo si sanaa ni kupambwa tu, na kama ni sanaa basi ya Wazungu. Shoga yangu mwengine ananiita mnafiki kwa sababu mwenyewe sitoki bila mekapu, na kweli, nikijiona kwenye kioo bila kitu natamani kulia, na krimu nshatumia karibu miaka miwili. Nifanye au niache?"

Marahaba mwanangu. Swali lako nimelisoma mara tatu, ya kwanza nikafurahi, ya pili nikacheka hapo kwa kaka wa chuoni, ya tatu nikasita kwenye yale maneno ya mwisho kabisa uloyatupia kama kitu kidogo, na si kidogo, ntayafikia. Jibu fupi ni kwamba fanya, ila sio kama ulivyoipanga. Piko ya mashavuni toa. Ile ruhusa ya watu kuja kuongeza wanachotaka itengeneze upya. Na hilo beseni la mwisho ndo n'nataka tukae nalo zaidi kuliko vyote, kwa sababu wewe unaona ndo kilele cha kazi na mie naona ndo pahala kazi inapokufa.

Huyo kaka nimmalize kwanza maana hoja yake nyepesi. Kupambwa ni kupambwa pale mlango umefungwa, uko na mpambaji wako, na kinachotakiwa ni utoke umependeza. Sasa uondoe ule mlango, uweke watu wamekaa kimya wanatazama mikono inavyofanya kazi, uweke saa ya kuanza na saa ya kumaliza na sharti moja usilolivunja hata iweje, kitendo kilekile kinageuka kuwa kitu chengine. Malighafi ya pafomansi ni mwili wa mtu, muda, mahali na macho ya waliokuwepo, bass, hakuna kujifanya mtu fulani kama kwenye mchezo wa kuigiza, ukichoka umechoka kweli na ukiumia umeumia kweli. Mwaka 1975 huko Copenhagen msanii Marina Abramović alikaa akachana nywele zake, kitana mkono mmoja brashi ya chuma mkono wa pili, huku anarudia maneno yaleyale kwamba sanaa lazima iwe nzuri na msanii lazima awe mzuri, akachana akachana akachana mpaka kitu tunachokifanya kila asubuhi kikawa kinatisha kukitazama. Na alikuwa anachana nywele tu. Mwambie kaka.

Hili la Wazungu lina nusu ya ukweli. Jina la pafomansi limetoka kwao, na majumba yao ya sanaa ndo yaliyolipa heshima. Lakini kutumia nguo na uso kujitengeneza mtu mpya mbele ya macho ya mji mzima, hilo huhitaji kwenda Ulaya kulitafuta. Kabla ya 1897, kabla utumwa haujafutwa hapa Unguja na Pemba, mwanamke mtumwa ukimjua kwa kaniki yake au merikani, vile vitambaa rahisi, mabega wazi. Ulipofutwa, wanawake wale wale wakaanza kuvaa kanga za rangi, wakajitanda, na baadae buibui likaenea, na hawakuwa wanafuata fasheni tu, walikuwa wanawaambia watu nitazameni upya. Mji ulielewa vizuri khasa, na wengine iliwaudhi.

Mfano mkubwa unaujua tangu skuli. Siti binti Saad, kazaliwa Fumba mnamo 1880, wazee wake watumwa, na jina alilopewa lilikuwa Mtumwa. Siti ni jina lililokuja baadae, maana yake bibi mwenye hadhi. Kaingia mjini kaimba, mwaka 1928 kaenda mpaka Bombay kurikodi santuri, na wakati huo wenye choyo wakamtungia wimbo kumkumbusha kwamba alikuja mjini na kaniki na kwamba lau si sauti angekula nini, na yeye akajibu kwa wimbo pia, kwamba uzuri wa sura si hoja, wala jadi kubwa, hasara ni kukosa akili. Miaka karibu mia hiyo, na mabishano ni hayahaya ya kwako, uso, nguo, nani ana haki ya kuonekana vipi.

Nimekuletea Siti kwa makusudi, maana sasa tunaingia kwenye beseni. Niambie mwanangu, yule mwanamke alivyoitwa Siti, akavaa akapendeza akasimama mbele ya watu, alikuwa anadanganya? Mtumwa ndo lilikuwa jina lake la kweli kwa sababu ndo la kwanza, ndo la chini? Waliomwimbia kaniki walikuwa wanafikiri hivohivo, kwamba ukimvua tabaka la juu utamkuta mtu halisi, na mtu halisi kwao alikuwa mtumwa. Wewe na beseni lako unakusudia wema mtupu, najua, lakini mashine unayoitumia ni ileile yao, kwamba juu uwongo, chini kweli.

Na chini kuna nini hasa? Nyusi zako nna hakika zimetengenezwa kwa wembe au uzi. Ngozi utakayotuonesha baada ya kunawa, kwa maneno yako mwenyewe, imepakwa krimu miaka miwili. Hata namna utakavyoinua uso, na kale katabasamu ka "ndo mie huyu" utakakotoa, hako nako kamefundishwa, na mama, na somo yule anaekufunda, na video. Sikwambii hivi kukuumbua. Nakwambia kwa sababu ndo pahala kazi yako ilipo tajiri na wewe unataka kuimwaga na maji ya sabuni.

Waliofanya hii kazi kwa makini karibu wote wamelikwepa beseni. Cindy Sherman, Marekani, kati ya 1977 na 1980 alijipiga mapicha kama 70 ya nyeusi na nyeupe, kila moja mwanamke mwengine, mke wa nyumbani, msichana mgeni mjini, mrembo wa filamu, wigi hili na wanja ule, wote ni yeye na hakuna hata picha moja kati ya zile unayoweza kusema haya sasa huyu ndo Cindy mwenyewe. Lynn Hershman Leeson alikwenda mbali zaidi, miaka ya 1970 pale San Francisco alimtengeneza mwanamke anaitwa Roberta Breitmore, akampa wigi, mwendo, mwandiko, leseni ya gari, akaunti ya benki, Roberta akatia tangazo gazetini kutafuta mtu wa kukaa nae nyumba moja na watu kwelikweli wakaja kukutana nae, na kuna mchoro wa uso wa Roberta umewekewa namba kama fundi cherehani anavyoweka alama, hapa poda hii, hapa wanja huu. Sasa ikawa Roberta ana karatasi za serikali na benki. Nani atasema hayupo? Ndo maana nasema hii kazi inakuwa kali pale huwezi kutenganisha.

Na wa karibu zaidi na nyinyi wa simu ni Amalia Ulman. Mwaka 2014 kwa miezi kadhaa alitia picha Instagram, mara msichana mzuri mpole kaja mji mkubwa, mara anaishi kwa pesa za wanaume na kafanya opareshini ya matiti, mara katubu anakula majani na kufanya yoga, wafuasi wakamwamini, wakamsifu, wakamtukana, halafu akasema ilikuwa kazi ya sanaa na imeandikwa tangu mwanzo, na opareshini haikuwepo. Wengi wakakasirika. Mie huwa nawauliza wanafunzi wangu walikasirika kwa lipi, kwa kuwa alidanganya au kwa kuwa alifanya kilekile wanachokifanya wao isipokuwa yeye aliandika ratiba?

Kwa hivo huyo shoga yako anaekwita mnafiki mwambie pole. Hukusema mekapu haramu. Mtu anaependa wanja na anaejipaka kila siku ndo anaejua ile dakika ya kioo ilivyo, anajua tofauti ya kujipamba kwa raha na kujipamba kwa hofu, na kazi ikitoka mkononi mwake inakuwa na huruma. Nshaona kazi za wasiojipamba wanaowasema wanaojipamba, zinachosha.

Sasa tumalize vipi bila beseni? Kuna ule mtindo wa kupamba nusu uso ukaacha nusu, ni rahisi na unaonekana vizuri kwenye picha, lakini umetumika mpaka umepauka. Kuna kutoka na uso huohuo ukapita soko la Darajani ukapanda daladala, mtihani mzuri, ila huko nje huna kiti wala sharti wala mtu wa kukulinda, siupendi kwa mara ya kwanza. Mie ningekwambia hivi. Bi harusi wetu siku ya kuonyeshwa anakaa macho chini. Kope zile nzito, uso mweupe shedi mbili juu ya shingo yake, mikono yenye hina rangi yake ileile ya kuzaliwa, na macho chini, watu wanamtazama wanavyotaka yeye hatazami mtu. Mpambaji amalize dakika ya 28 au 30, akusanye brashi zake azifute moja moja taratibu, aondoke. Wewe baki. Kaa macho chini, kimya, watu wasijue kama imekwisha, wataanza kukohoa, mmoja atataka kupiga makofi, subiri. Halafu nyanyua macho uwatazame, mmoja baada ya mmoja, hutabasamu hununi. Bass. Uso wote uko palepale, hujafuta kitu, na kila mtu aliekuja kukutazama anajikuta anatazamwa yeye. Nakuonya ni kugumu kuliko unavyodhani, fanya mazoezi na saa, dakika saba za kimya ukumbini ni ndefu kama safari ya boti kwenda Pemba siku ya kusi.

Na kwa kuwa wewe ni mtoto wa Wete, fikiria na harufu. Kuna msanii wa Afrika Kusini, Berni Searle, kwenye mapicha aloyaanza 1998 aliufunika mwili wake kwa viungo vya kusaga, manjano, pilipili ya rangi, karafuu, akiuliza maswali ya rangi za watu na biashara iliyowaleta babu zao Cape. Karafuu ya kwenu imefika mpaka huko, na wewe mwenye mikarafuu nyuma ya nyumba unatumia fondesheni ya chupa! Singo, ile ya kumsugulia bi harusi, ya liwa na karafuu na mawaridi, ikisuguliwa mikononi mwanzo wa onyesho, ukumbi mzima utajua ni harusi kabla hamjasema neno. Mikononi lakini, usoni karafuu ikizidi inachoma.

Tuje kwenye watu kuja kuongeza. Msanii wa Kijapani Yoko Ono mwaka 1964 Kyoto alipiga magoti jukwaani akaweka mkasi mbele yake, watu wakaja mmoja mmoja kukata kipande cha nguo yake. Wa mwanzo wanakata kwa adabu, ncha ya mkono wa nguo. Alipoirudia New York mwaka uliofuata alitokea kijana akaona raha, akakata mpaka mikanda ya sidiria, Ono akabaki kujishika kifua kwa mikono. Abramović nae mwaka 1974 Naples aliweka vitu 72 mezani, ua, asali, manyoya, mikasi, visu, hata bastola na risasi, akasimama kwa muda wa saa sita akawaambia watu wamfanye watakavyo, na mwanzo walimpa ua na mwisho mtu alimuelekezea bastola na watazamaji wakaanza kugombana wao kwa wao, na muda ulipokwisha akaanza kuwaendea, wakakimbia. Utaratibu ni mmoja kila pahala, ukimtangazia mtu kwamba hatojibiwa, atasogea hatua moja zaidi ya aliemtangulia ili aonekane. Sio ubaya wa watu wa huko. Mie mwenyewe zamani nliwahi kuwapa watu kalamu waandike juu ya kanga niloivaa, nikidhani wataandika majina ya kanga, mpaka dakika ya 15 kuna mtu ashaniandikia mgongoni neno siwezi kulitaja hapa, na nikalivaa mpaka mwisho kwa sababu sikujiwekea mlango wa kutokea. Ile kanga nliichoma.

Basi ukitaka mikono ya watu, ipunguze. Brashi moja, rangi moja, mtu mmoja baada ya mwengine, mwisho watu watano, na mpambaji wako anasimama pembeni na neno la siri mlilokubaliana, ukilisema kazi inasimama na hakuna aibu. Wanawake tu waje kukugusa, hili nadhani sina haja ya kulieleza.

Hapo ndo anapoingia mama, na mama usimchukulie kuwa hajui. Anaposema unajianika anajua kitu kimoja kuhusu macho kuliko kaka wa chuoni. Huku kwetu siku zote kuna maonyesho ya kutazamwa na wanawake peke yao, hata Bi Kidude, Mungu amrehemu, aliefika majukwaa ya dunia nzima, unyago wake wa ndani ulibaki wa ndani. Kuchagua nani akutazame ni sehemu ya usanii, si woga. Kwa hivo unaweza kufanya hii kazi mbele ya wanawake tu na haitopungua hata nukta, pengine itazidi. Simu zikusanywe mlangoni kama kwenye harusi zetu, maana ile sekunde moja uso wako umechorwachorwa ikitoka kwenye simu ya mtu haina kiti wala saa wala dakika saba za kimya, ni picha ya msichana kafanya kituko, na inakaa miaka. Na yale ya chumbani kwa somo usiyapeleke jukwaani kabisa, hayo si yako peke yako kuyatoa.

Kuhusu kuwakejeli maharusi, ana hoja pia, kama shoga yako atakupamba vibaya kwa makusudi watu wacheke basi ni kejeli. Mwambie akupambe vizuri. Akupambe kama anavyowapamba wateja wake wanaomlipa. Weupe ule utajisema wenyewe ukikaa karibu na shingo yako.

Piko. Nyeusi inayotumika siku hizi nyingi ni rangi ya nywele, ina kemikali inayoitwa PPD, chembe zake ndogo zinapenya ngozi, na mwili wa baadhi ya watu unaiweka kwenye daftari la maadui. Mara ya kwanza pengine huoni kitu. Mara ya pili au ya tatu unavimba, malengelenge, kovu la ua lilelile ulilochorwa, na baada ya hapo hata rangi ya nywele inaweza kukudhuru maisha yako yote. Mikononi hatari, usoni karibu na macho sitaki hata kusikia. Tumia wanja wa penseli, kwa mbali hakuna atakaejua. Na ukiwahi kuvimba macho au midomo au pumzi kubana baada ya kupakwa chochote, hiyo ni hospitali saa ileile, usisubiri asubuhi wala usipake nazi.

Sasa yale maneno uloyatupia mwisho. Krimu miaka miwili, na kulia mbele ya kioo. Krimu za kung'arisha zinazouzwa kiholela zinafanya kazi kwa kuizuia ngozi isitengeneze ile rangi yake inayoikinga na jua, kwa haidrokwinoni au zebaki au dawa za steroidi, na zebaki inaingia mwilini mpaka kwenye figo. Kama ina steroidi ukiiacha ghafla uso unaweza kuwaka mwekundu na kuwasha, watu wanaogopa wanarudia, ndo mtego wake. Kwa hivo usifanye ushujaa wa kuitupa leo usiku peke yako. Ichukue hiyo chupa yenyewe na boksi lake uende nayo kwa daktari wa ngozi, umwambie kila ulichopaka, usifiche mkorogo. Atakae kukupunguzia taratibu ni yeye, si mie na si rafiki yako mwenye duka la vipodozi.

Na kulia. Nadhani beseni lilitoka hapo. Naona ulitaka siku moja unawe mbele ya watu mia wakutazame bila kitu na wapige makofi, na iwe umepona. Nakuelewa mwanangu, lakini watu mia hawawezi kazi hiyo, wakipiga makofi yataisha dakika mbili na kesho kioo kiko palepale, na wakikosa kupiga je? Kama ni huzuni ya dakika ya asubuhi inayokwenda na chai, tutaizungumza tukionana. Kama inakufanya ukose darasa, usile, ukatae kufungua mlango, au fikra zimeanza kuwa nzito kuliko uso, basi nenda ukakae na mtu uso kwa uso, mshauri wa wanafunzi hapo chuoni au daktari hospitali, wiki hii, kabla ya mazoezi. Onyesho linaweza kuahirishwa.

Mambo madogo yalobaki. Muulize mwenye ukumbi kama kibali cha BASSFU, lile Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni la Zanzibar, kipo tayari au mnatakiwa mkiombe wenyewe, usingoje siku mbili kabla. Kiti kiwe cha kawaida, sio kile cha dhahabu cha kukodi. Mazoezi ya kwanza fanyeni sebuleni kwenu Wete mbele ya mama, mtu mmoja tu ndani ya chumba, na ukifika pale pa kunyanyua macho muanze yeye. Halafu niandikie alifanya nini. Na siku yenyewe mniwekee stuli karibu na mlango, goti langu halitaki tena kukaa mkekani.